Kidonge cha Kulwa, Kidonge cha Doto

Kama una doa mwilini ambalo haliwashi wala haliumi, na ukiligusa kwa sindano unaona kama aliyeguswa ni mtu mwingine, basi acha kujipa moyo na unisome mpaka mwisho. La kwangu nililificha msimu mzima wa mvua. Lilikuwa nyuma ya mkono wa kulia, rangi ya chai ya maziwa, na nilikuwa na jibu tayari kwa kila aliyeuliza: ni pasi, ni jua, nimezaliwa nalo. Mtu pekee ambaye hakuuliza ni yule aliyekuwa akiupiga mkono huo kila Jumamosi mbele za watu.

Naitwa Athumani, fundi cherehani wa Tabora mjini, na katika miaka ile iliyofuata Azimio nilikuwa pia mwanamieleka wa kulipwa. Usicheke. Kundi letu liliongozwa na Baba Zuhura, karani mstaafu wa reli, aliyejifunza mieleka ya jukwaani kwa Kalasinga mmoja wa karakana. Jukwaa letu lilikuwa na kamba pande zote na refa mwenye filimbi, na tulipigana wawili kwa wawili: mmoja yuko ndani, mwenzake anangoja nje ya kamba kwenye kona, na haruhusiwi kuingia mpaka aliye ndani ampige kiganja. Kiganja kwa kiganja, si bega, si kiwiko. Sheria nyingine zote tulizivunja, lakini hiyo hatukuigusa.

Wabaya wetu waliitwa Bepari na Kupe. Bepari alivaa suti nyeusi, kofia na glavu nyeupe, na watu walimzomea mpaka sauti zikawakauka. Nje ya jukwaa alikuwa muuza samaki mpole, asiyeweza hata kumfukuza kuku jikoni. Wema tulikuwa sisi, Kulwa na Doto, majina ya mapacha. Kulwa ni mimi, mfupi mnene. Doto alikuwa Masanja, mrefu kama nguzo ya simu, mtoto wa wafugaji wa Choma kule Igunga. Watu walicheka kwanza, halafu wakatupenda. Tulipanda treni na mabegi yetu, leo Igalula, wiki ijayo Urambo, na kila mahali tulishinda. Baba Zuhura alisema siku Bepari atakaposhinda, tawi la chama litataka maelezo.

Kwa watu wengi majina yale yalikuwa mchezo. Kwa mama yake Masanja hayakuwa. Tulipofika Choma mara ya kwanza, alitutazama tukipigana kwenye uwanja wa mnada, kisha akatuita nyumbani kwake, akatukalisha kwenye ngozi moja, akamfunga kila mmoja wetu kamba yenye kete mkononi.

"Jina hilo halichezewi," aliniambia. "Ukishajiita Kulwa na huyu akajiita Doto, basi kinachokupata wewe kinamhusu yeye. Mtakula pamoja, mtatibiwa pamoja."

"Ndiyo, mayu," nilisema, kama wanavyomwita mama kwao, na nikacheka kidogo. Yeye hakucheka.

Ilikuwa Igalula, kando ya stesheni, mwanzoni mwa kiangazi. Masanja alikuwa chini, Bepari amemkalia mgongoni. Mimi nilikuwa kwenye kona, mkono wa kulia nimeunyoosha ndani ya kamba, wa kushoto nawapungia watu wapige kelele. Nilipenda sana sehemu hiyo. Niliwatazama watu, sikumtazama Masanja. Akajikokota, akanipiga kiganja, akalegeza mwili wote akijua naingia. Mimi sikujua lolote. Niliendelea kupunga. Kwa mpango wetu Bepari alikuwa amekwisha kupanda kamba ili anirukie mimi, akashuka na uzito wake wote juu ya mbavu za Masanja. Nilisikia mlio. Watu walidhani ni sehemu ya mchezo, wakashangilia.

"Nimekupiga, Kulwa!" Masanja alisema wakati tunambeba, jasho likimtiririka. "Nimekupiga kiganja kwa nguvu. Ulikuwa wapi?"

Nilimjibu kwamba hakunifikia. Niliamini hivyo kabisa, na nikamkasirikia.

Wiki ileile nilikuwa kibarazani nanyoosha suruali ya mteja kwa pasi ya mkaa. Nikasikia harufu ya nyama inayobabuka. Nikamwita mke wangu, Mwanaidi, nimwambie anaunguza mboga. Alitoka, akaniangalia, akapiga yowe. Pasi ilikuwa imelala juu ya vidole vyangu viwili na mimi nimesimama nampigia kelele za mboga. Hapo ndipo niliposhikwa na hofu ambayo sijapata kuiona tena maishani. Maumivu yangekuwa rehema.

Sitaeleza ugonjwa unavyofanya kazi, maana hata leo sijui. Naweza kukueleza nyumba inavyobadilika. Zahanati walisema ukoma, na kabla jua halijazama kaka yangu mkubwa alikuwa ametia alama ya rangi kwenye kikombe changu. Alikiweka kikombe dirishani, peke yake, na sahani yake. Nikitawadha, birika lilioshwa kwa majivu. Wateja walituma watu kuchukua vitambaa ambavyo sijavikata. Shemeji zangu wakaja kutoka Itetemia kumchukua Mwanaidi na binti yetu, "mpaka hali itulie". Mwanaidi alilia akifunga mizigo, na alifunga upesi. Nilimchukia kwa muda mrefu. Siku hizi naona alikuwa na mtoto mgongoni na kaka watatu mlangoni.

Aliyekuja baada ya hapo ni Masanja, mbavu zimefungwa bandeji, anapumua kwa shida. Alikaa karibu yangu kwenye benchi, akachukua kikombe kile chenye alama, akanywa maji yaliyobaki.

"Wewe una wazimu," nilimwambia.

"Mayu amesema tukatibiwe," alisema. "Gari la dawa linakuja mnadani kila mwezi. Twende nyumbani."

Twende. Hakusema nenda.

Pale Choma nyumba ilikuwa na ng'ombe wengi na maneno machache. Gari la ukoma lilikuja siku isiyo ya mnada, na sisi wagonjwa tulingoja ndani ya banda la kupimia mifugo, kila mmoja akiketi mbali na mwenzake kana kwamba ugonjwa wa jirani ulikuwa mbaya kuliko wake. Wengine walijifunika khanga usoni. Muuguzi aliitwa Sista, msichana wa upande wa Nzega, mkali, asiyecheka. Alinifumbisha macho, akanigusa kwa pamba, akataka nionyeshe kwa kidole mahali aliponigusa. Nilikaa nimefumba nikingoja aanze. Kumbe alikuwa amemaliza.

Alinipa vidonge vyeupe. Kimoja kila siku, kwa miaka, bila kuruka.

Mayu ndiye aliyevitunza. Kila asubuhi, baada ya kukamua, alikuja na ungo, kidonge kimoja katikati na kisu kidogo pembeni. Alikikata katikati kwa uangalifu mkubwa. Nusu akanipa mimi, nusu akampa Masanja, na maziwa ya mgando ya kushushia. Kwao mapacha hutendewa hivyo: mmoja akiugua, wote wanakunywa dawa, ama sivyo ugonjwa unamhamia yule aliyeachwa. Hakuna aliyeona kosa. Mimi mwenyewe, mtoto wa mjini niliyesoma madrasa na shule, nilimeza nusu yangu nikimtazama Masanja akimeza yake, na nikajisikia si mpweke. Nasema kweli, ulikuwa wakati mtamu kuliko wote wa siku.

Na mkono ukazidi. Mtama ulipoanza kutoa masuke, kidole cha mwisho kilikuwa kimeanza kujikunja. Nikikinyoosha, kinarudi. Kisha cha pili yake. Nyusi zikapukutika. Uso ukavimba, masikio yakawa mazito, na mshipa wa kwenye kiwiko ukasimama mgumu kama kamba ya mbuzi, ukiuma mpaka nikawa nang'ata shuka. Sehemu moja ya mkono haihisi moto, na sehemu nyingine haivumilii hata upepo. Sista alikuja, akatazama, akaondoka amekunja uso. Akaja tena, akaukunja zaidi.

"Vidonge unameza?" aliuliza.

"Kila siku, Sista. Wallahi sijaruka."

"Humezi. Ungekuwa unameza, mkono huu usingekuwa hivi."

Masanja alikuwa amesimama nyuma yangu, kama kawaida. Alisikia ninaitwa mwongo, akajitokeza mbele kunitetea. "Anameza, Sista, mbele yangu," alisema kwa majivuno. "Mimi mwenyewe namsaidia nusu."

Sista aliweka kalamu chini.

"Unamsaidia nini?"

"Nusu yake. Sisi ni mapacha."

Alitutazama, mfupi na mrefu. Nilidhani atacheka. Alisimama, akamshika Masanja mkono, akamvuta kwenye mwanga. "Vua shati. Fumba macho."

Ndugu msomaji, nimeshangiliwa na umati mkubwa, nimetupwa nje ya kamba, nimepata homa za kuweweseka. Sikumbuki muda mgumu kuliko ule. Kama Masanja hataihisi pamba, ni mimi niliyemwambukiza. Niliyekunywa naye kikombe kimoja, niliyempa kiganja kila Jumamosi. Sista alimgusa bega. Masanja akaonyesha bega. Akamgusa shavu, akaonyesha. Akamgusa nyuma ya mkono wa kulia, palepale lilipo doa langu. Masanja akatulia. Kidole chake kikazunguka hewani.

"Wewe, onyesha!" nilifoka.

"Ngoja, jasho linanitekenya," alisema, na akashusha kidole mahali palepale.

Nililia mbele ya wagonjwa wote. Sista alinipa muda wa kulia, kisha akaanza kutugombeza. Alisema huyu hana ugonjwa, na huyu anaupa ugonjwa chakula kwa kuupiga kwa nusu fimbo. Akamwita mayu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

"Mama, Doto ni mzima. Kidonge ni cha Kulwa peke yake, chote."

"Leo ni mzima," mayu alisema. "Hawa hawaugui mmoja mmoja. Ukimtibu huyu peke yake utamzika yule."

"Na ukiwagawia, huyu atakatika vidole. Mama, nikirudi mwezi ujao mkono umezidi, namchukua kwenye gari hili nampeleka makazi ya wakoma. Huko hutamwona, na pacha wake hatamwona."

Mayu alifunga khanga yake vizuri, akaondoka bila kuaga. Jioni hakula. Masanja na mimi tulikaa zizini. Nilijua mimi namhitaji mama yule kuliko vidonge, na nilijua bila vidonge naisha. Kumwambia akosee mila yake kwa ajili yangu, mgeni, sikuweza. Masanja naye hakuweza. Aliamini nusu ya maneno ya Sista na nusu ya mama yake, kama alivyokuwa akimeza.

Asubuhi mayu alikuja na ungo. Katikati palikuwa na vitu viwili. Kimoja kidonge cheupe, kizima. Cha pili kidonge kingine, cha kahawia, cha mviringo, ukubwa uleule. Alikuwa amekanda unga wa mtama, akaufinyanga, akaukausha juu ya jiwe la moto.

"Kidonge cha Kulwa," alisema, akaniwekea mkononi. "Kidonge cha Doto."

"Hiki dawa gani, mayu?" Masanja aliuliza.

"Dawa yako. Yule msichana hakusema usimeze. Alisema usimeze cha mwenzako."

Tukameza.

Kutoka hapo safari ilikuwa ya taratibu, na kama uko mwanzoni mwake nakuomba usipime kwa siku. Pima kwa mavuno. Mavuno ya kwanza uso ulishuka. Mvua zilizofuata, mshipa wa kiwiko ulipoa. Kila jioni niliuloweka mkono kwenye maji, nikaupaka samli, na Masanja akauweka pajani mwake akanyoosha vidole kimoja kimoja, akinitania kwamba ana kazi ya kunyoosha vidole vya mume wa mtu. Kimoja hakikurudi. Kipo mpaka leo, kimejikunja, na ninakitumia kushikia uzi.

Kulikuwa na siku mbaya pia. Baba Zuhura aliandaa ziara, akampata kijana mmoja wa Kaliua awe Kulwa mpya, akamwita Masanja. Nyumbani ng'ombe walikuwa wamepungua, watu wanahamia kijiji cha ujamaa, na fedha ilihitajika. Masanja alikwenda. Nilimwambia nenda, tena kwa bashasha, na alipotoweka njiani wivu ukaniuma kuliko mshipa. Niliwaza kiganja cha mtu mwingine kikipigwa na watu wakishangilia. Niliwaza atazoea. Mayu alinikuta nimesusa kidonge. Hakunibembeleza. "Mwenzako ameondoka na vyake kwenye kikopo cha ugoro," alisema. "Anameza saa hizi. Unataka kumwua?" Nikameza haraka.

Masanja alirudi kabla ziara haijaisha. Baba Zuhura alikuwa amemfukuza kwa sababu alikataa kumpiga yule kijana kiganja, akawa anampiga begani, na refa akampulizia filimbi mpaka watu wakadai warudishiwe kiingilio.

Siku Sista aliponiambia siambukizi tena mtu yeyote, sikuomba kurudi kwa kaka yangu. Niliomba kurudi jukwaani. Alisema mkono ule hautahisi tena. Nilisema najua.

Baba Zuhura alikubali kwa shingo upande, na kwa kuwa ilikuwa Saba Saba na Tabora nzima ingekuja ukumbini, alitaka nivae glavu. "Kwa ajili ya watu," alisema.

"Kulwa akivaa, na mimi navaa," Masanja alisema. "Na tukivaa wote, kiganja hakilii. Bila mlio nani ataona tumepokezana?"

Sikuvaa. Tulipopanda, shangwe ilianza halafu ikakatika, safu kwa safu, jinsi watu walivyonitambua. Kutoka nyuma mtu akapaza sauti, "Mkoma huyo!" Nilimwona Mwanaidi karibu na mlango, binti yetu amekuwa mkubwa, wamesimama na kaka zake. Nilitamani sakafu inimeze.

Masanja alianza. Mimi nikakaa kwenye kona, mkono ndani ya kamba. Zamani niliwatazama watu. Siku hiyo sikuwatazama hata kidogo. Nilimtazama Masanja machoni tangu filimbi ya kwanza, maana macho yangu ndiyo yaliyobaki kunieleza ninapoguswa. Akaangushwa, akajikokota, akanyanyua mkono na kuupiga wangu kwa nguvu zake zote. Ukumbi mzima ukausikia mlio. Sikuhisi kitu, nikaingia.

Bepari akarudi nyuma. Nilifanya kama mchezo, nikamfuata. Akarudi tena, mpaka kamba zikamzuia. Nikamwona machoni kwamba hachezi. Muuza samaki yule aliniogopa, na ukumbi ukamwona akiniogopa. Refa alishika filimbi, hakuipuliza. Nikajua Bepari akishuka jukwaani sasa, sitapanda jukwaa lolote tena, wala sitashona, wala sitakaa benchi moja na mtu katika mji ule.

Bepari alinitazama mkono. Alitazama kidole kilichojikunja. Kisha akavua glavu moja, polepole, kidole kwa kidole. Akavua ya pili. Akazitupa zote mbili kwa watu. Akanishika mkono ule kwa mikono yake mitupu, akauzungusha, akanibwaga chali mpaka mbao zikalia.

"Samahani, kaka," alininong'oneza amenilalia.

"Tena," nilimwambia. "Nibwage tena."

Mgongo uliniuma wiki nzima na nilifurahia kila maumivu. Ukumbi ulirudi kutuzomea na kutushangilia kama zamani. Tulishinda, bila shaka. Mwanaidi alikuja nyuma ya jukwaa na binti, akaniuliza kama nimeumia. Nikasema ndiyo. Siku iliyofuata hakurudi Itetemia.

Tulipigana misimu michache zaidi, mpaka mbavu za Masanja zikakataa. Vidonge viliendelea. Mwisho wake ulikuja palepale Choma, kwenye banda la mnada, mvua ikinyesha. Sista, ambaye sasa alikuwa na mtoto mgongoni, alinipima kwa pamba mwili mzima, akaandika, akasema, "Basi. Umepona. Acha dawa."

Nilingoja furaha, ikachelewa. Masanja alikuwa nyuma yangu. Akajitokeza, akatoa kikopo chake cha ugoro, akakifungua. Vidonge vya mtama vilikuwa vimejaa, vya wiki ile.

"Na mimi niache?" aliuliza.

Niligeuka nimzuie asichekwe. Sista hakucheka. Alichukua pamba mpya, akasema, "Vua shati. Fumba macho." Akamgusa bega, shavu, mgongo, nyuma ya mkono wa kulia, bila haraka, foleni yote ikingoja, na kila mara Masanja akaonyesha. Alipomaliza, Sista aliandika kitu, akamtazama mayu aliyekaa mlangoni, kisha akamrudia Masanja.

"Na wewe umepona," alisema.

Miaka yote ile sikuwahi kumwona Masanja akilia. Alikaa chini kwenye banda lile, kikopo mkononi, akalia mpaka ng'ombe wa nje wakageuka.